Helen Gibson: Mwanamke wa shoka aliyerukia treni

KILA aliyewahi kubanana kwenye banda la video anaijua sheria namba moja ya sinema: stelingi hafi. Risasi zitampita kushoto na kulia, atabiringika mlimani na farasi wake, nyumba itaungua naye akiwa ndani, lakini picha ikiisha utamwona anapangusa vumbi kwenye kofia na kuondoka na binti mzuri. Na kwenye zile za kauboi hasa, stelingi ni mwanamume. Mwanamke kazi yake ni kupiga kelele, kutekwa na adui, halafu kukaa kusubiri kuokolewa.

Haya, hiyo weka pembeni, nikupe stori nyingine.

Zaidi ya miaka mia moja iliyopita, enzi sinema zikiwa bado bubu, palikuwa na kina dada Marekani ambao stelingi walikuwa wao wenyewe. Mmoja wao aliitwa Helen Gibson. Huyu hakuwa na habari ya kusubiri kuokolewa. Alirukia treni inayokwenda, alisimama wima juu ya farasi wawili wanaokimbia, alipaa na pikipiki hewani, na wala hakuna mwanamume aliyevaa gauni lake akaruka kwa niaba yake. Watazamaji walikuwa wanamsubiri kila wiki.

Sasa sikia mwisho wake. Mwaka 1962 ilitoka picha ya John Wayne iitwayo The Man Who Shot Liberty Valance. Helen yumo humo, bibi wa miaka 69, ndani ya kundi la watu wa mtaani. Jina lake halikuandikwa. Malipo yake: dola 35.

Ilikuwaje mtu aliyeuza picha kwa jina lake akaishia huko? Na je, ndiyo kusema alishindwa? Mimi nadhani jibu si jepesi kama linavyoonekana. Twende taratibu.

BINTI WA CLEVELAND

Jina alilopewa na wazazi ni Rose Wenger. Alizaliwa Agosti 27, 1892, mjini Cleveland, jimbo la Ohio. Wazazi wake walikuwa na asili ya Uswisi, ule upande wa waongea Kijerumani. Nyumbani walikuwa mabinti watano. Mzee Wenger alitamani sana mtoto wa kiume, hakumpata, basi akamwachia Rose acheze michezo ya kiume kadiri anavyotaka. Wenzake wanafundishwa kukaa vizuri, yeye anarukaruka.

Mwaka 1909 likafika mjini kwao onyesho la makauboi. Maonyesho haya yalikuwa kama sarakasi: mahema, farasi, walenga shabaha, Wahindi Wekundu waliovaa manyoya kichwani, na kina dada wapanda farasi. Yalizunguka mji kwa mji. Rose alipoona wale kina dada, akili ikahama kabisa. Baadaye akaona tangazo: ndugu wa familia ya Miller, wenye shamba kubwa la mifugo liitwalo 101 Ranch huko Oklahoma, wanatafuta wasichana wa kupanda farasi kwenye onyesho lao. Akaandika barua, akakubaliwa, akafungasha.

Shamba hilo halikuwa mahali pa kwenda kupumzika. Hapo ndipo alipofanya kazi Bill Pickett, Mmarekani mweusi anayetajwa kuwa ndiye aliyeanzisha mchezo wa kumrukia fahali kutoka mgongoni mwa farasi, kumkamata pembe na kumbwaga chini. Hapo ndipo alipopitia Tom Mix kabla hajawa kauboi maarufu wa sinema. Walimu wa namna hiyo ukiwapata, ama unajifunza ama unarudi kwa mama.

Rose alijifunza. Mojawapo ya mambo ya kwanza aliyoyaweza ni kuokota leso chini huku farasi anakimbia kwa nguvu zake zote: unaning'inia ubavuni, kichwa karibu na kwato, unanyoosha mkono, unanyakua. Wakongwe walimwonya kwamba siku moja atapigwa teke la kichwa. Alisimulia mwenyewe uzeeni kuwa aliona mambo hayo huwatokea wengine, siyo yeye. Ujana, bwana! Aprili 1910 akapanda mbele ya watazamaji kwa mara ya kwanza, mjini St. Louis.

KUKWAMA KULIKOZAA NEEMA

Mwaka 1911 onyesho lilifika Venice, pwani ya California, na hapo likafungwa ghafla. Wasanii wakajikuta mbali na nyumbani, msimu umekwisha, na farasi wanataka kula. Hapo akatokea Thomas Ince, mtengeneza sinema, ambaye alikuwa na njaa ya makauboi wa kweli. Kampuni yake ikalikodi kundi zima kwa msimu wa baridi kwa dola 2,500 kwa wiki: watu, farasi na zana zao zote.

Usishangilie kwanza. Hela hiyo ni ya kundi zima. Rose aliyekuwa akiishi palepale Venice zilikozizwa zile farasi, alipata dola 8 kwa wiki. Kila asubuhi anapanda farasi, anakwenda maili 5 hadi bonde la Topanga walikokuwa wakipiga picha, jioni anarudi. Mwaka 1912 alihamia kampuni ya Kalem, akapewa sehemu yenye jina katika picha iitwayo Ranch Girls on a Rampage, akicheza mdogo wake Ruth Roland, dada aliyekuwa akivuma wakati ule. Mshahara ukapanda: dola 15 kwa wiki.

Katikati ya picha na picha alikuwa anakimbilia mashindano ya farasi kutafuta cha ziada. Huko ndiko alikokutana na kijana mmoja kauboi aitwaye Edmund Gibson, ambaye watu walimwita Hoot. Mwaka 1913 wako wote kwenye mashindano makubwa ya Pendleton, jimbo la Oregon. Mji umefurika, vyumba hakuna, na wenye nyumba wanawapa kipaumbele mke na mume. Kwa masimulizi ya Helen mwenyewe, wakaona isiwe tabu, wakaoana. Kuna wanaooa kwa sababu ya mapenzi, wengine kwa sababu ya mali. Hawa chumba nacho kilichangia.

JINA LA KUPEWA

Novemba 1914 Kalem ilianza kutoa mfululizo ulioitwa The Hazards of Helen. Kila wiki sehemu moja fupi, ya kama dakika 12. Hadi ulipokwisha Februari 1917 zilikuwa zimetoka sehemu 119. Helen ni binti anayefanya kazi ya simu za maandishi kwenye stesheni ya reli. Wezi wanateka treni, breki zinagoma, daraja linaungua, na bosi wake hawezi kuamini kama msichana ana ubavu. Mwisho wa dakika 12 binti keshaokoa treni, keshawakamata wezi, na kazi yake imebaki.

Watazamaji waliupenda mno. Enzi hizo wasichana wengi wa mijini walikuwa wameanza kuingia maofisini, madukani na viwandani, wanapata vijisenti vyao na wanalipia tiketi wenyewe. Walitaka kumwona msichana mwenye kazi kama wao akiwashinda wanaume. Na kumbuka, haki ya wanawake kupiga kura ilikuwa bado haijaingia kwenye Katiba ya Marekani. Hiyo ilikuja 1920. Kwenye sinema, binti wa stesheni alikuwa ameshatangulia.

Stelingi wa kwanza aliitwa Helen Holmes. Rose alikuwa nyuma yake, akivaa nguo zake na kuruka badala yake kwenye sehemu za hatari. Mwaka 1915 Holmes na mumewe, mwongozaji J. P. McGowan, wakaihama kampuni. Kalem wakabaki na mfululizo unaolipa na hawana Helen. Wakamtazama yule dada aliyekuwa akiruka.

Tatizo lilikuwa moja tu: mfululizo unaitwa Helen, huyu anaitwa Rose. Basi wakambadilisha jina. Rose Wenger akawa Helen Gibson.

Hebu litazame jina hilo vizuri. Helen ni la kampuni. Gibson ni la mume. Kampuni ya Kalem ilinunuliwa na Vitagraph mwaka 1917, ikafa. Mume naye, tutaona, aliondoka. Jina likabaki na yeye peke yake, akalibeba miaka 60 na zaidi. Alilipewa kama sare ya kazini, lakini aliyelipa uhai ni mwenyewe.

KURUKA NI HESABU

Sasa tuje kwenye vituko. Mwaka 1915, katika sehemu iitwayo A Girl's Grit, alitakiwa aruke kutoka juu ya paa la stesheni hadi juu ya treni inayopita.

Usidhani alifumba macho akajitupa. Kwanza walipima umbali kutoka paa hadi juu ya behewa. Halafu akafanya mazoezi ya kuruka treni ikiwa imesimama. Kisha wakapiga hesabu ya mwendo: treni ianze kutembea kama robo maili kabla, iongeze kasi kwa kiasi kinachojulikana, wakati wa kufika ujulikane kwa sekunde. Ukiruka mapema unatua relini. Ukichelewa unapitwa.

Akaruka. Miguu ikatua barabara mahali palepale. Lakini kuna kitu ambacho treni iliyosimama haiwezi kukufundisha: mwendo wenyewe. Treni ilimpeperusha, akabingirika kuelekea mwisho wa behewa. Kule mwisho hakuna ukuta, kuna hewa tu na reli chini. Akanyoosha mkono, akadaka kibomba cha kupitishia hewa, akashikilia. Mtu mwingine hapo angeomba kamera izimwe. Yeye akajiachia aning'inie ukingoni, ili picha inoge. Alitoka na michubuko tu.

Siku nyingine alisimama wima juu ya farasi wawili, mguu mmoja kwa huyu na mguu mmoja kwa yule, wanakimbia sambamba na treni. Mbele kuna daraja, limening'inizwa kamba. Akaidaka kamba, akabembea, akatua juu ya treni.

Halafu ile ya pikipiki, we acha tu. Alitimua mbio akabomoa geti la mbao, akapanda jukwaa la stesheni, akaingia mlango wa behewa la mizigo lililoegeshwa pembeni na kutokea mlango wa pili, akapaa na pikipiki yake hewani, akatua juu ya behewa la wazi la treni iliyokuwa ikipita upande wa pili. Hakukuwa na kompyuta ya kuchora treni wala ya kuifuta kamba. Ulichokiona ndicho kilichofanyika.

Ndiyo maana nasema tunamkosea tukimwita jasiri tu. Jasiri asiye na hesabu anazikwa mapema. Leso ya Oklahoma, farasi wa Topanga, kipindi kile cha kuruka kwa ajili ya Helen Holmes: yote hayo yalikuwa yanamfundisha mwili wake kupima kasi kwa jicho. Alipokuja kuitwa stelingi, ufundi alikuwa nao tayari. Kampuni ilimpa jina na kamera, basi.

MWAKA ULIOMGEUKA

Mfululizo ulipokwisha, Universal wakampa mkataba wa miaka mitatu, dola 125 kwa wiki, akicheza picha fupifupi za kauboi. Kutoka dola 8 za Venice, si haba. Na nyumbani kwake mizani ilikuwa imeinama upande wake: mama ndiye staa, mzee Hoot anacheza nafasi ndogondogo nyuma ya makauboi wengine, halafu akaenda jeshini kwenye Vita Kuu ya Kwanza. Aliporudi ndoa haikudumu, wakaachana.

Mwaka 1920 Helen akachukua uamuzi ambao hata leo unawatoa jasho wasanii: akafungua kampuni yake, Helen Gibson Productions. Alikuwa amechoka kuwatajirisha wengine. Picha ya kwanza iliitwa No Man's Woman.

Hapa ndipo penye mtego. Kutengeneza picha ni kama kujenga nyumba ya kupangisha: fedha zinatoka leo, kodi inakuja baadaye, na nyumba isiyo na paa hakuna wa kuipanga. Hela ziliisha kabla picha haijakamilika. Kampuni ikafilisika. Picha ilikuja kuonyeshwa mwaka 1922 mikononi mwa wengine, tena kwa jina jipya, Nine Points of the Law. Hata jina la picha yake mwenyewe likabadilishwa, kama alivyobadilishwa yeye.

Lakini alikuwa hajaanguka bado. Mwaka 1921 kampuni moja ikamwajiri awe stelingi wa picha ya kauboi iitwayo The Wolverine, dola 450 kwa wiki. Mshahara wa kifalme! Picha ikapendwa, wakamwita aanze nyingine.

Ndipo kidoletumbo kikampasukia. Usaha ukasambaa tumboni. Enzi hizo penisilini ilikuwa haijagunduliwa. Ugonjwa huo uliua wengi, na aliyepona alilala kitandani muda mrefu. Treni ilimshindwa, pikipiki ilimshindwa, lakini kipande kidogo cha nyama kikamlaza hospitali. Kampuni haikusubiri. Wakamtafuta mwingine. Alipopata nafuu na kurudi kugonga milango, ikawa hakuna anayefungua. Kwa lugha ya mtaani, unga ulishamwagika.

Na mwaka uleule wa 1921, Hoot alitoka na picha yake ya kwanza ndefu akiwa stelingi, Action, iliyoongozwa na John Ford. Akapaa hadi kuwa mmoja wa makauboi wakubwa wa Universal miaka ile ya 1920. Wawili hawa walizaliwa mwaka mmoja, walitoka kwenye vumbi moja la farasi. Mmoja anapanda ngazi, mwenzake anashuka, wanapishana katikati.

Je, ni bahati mbaya tu? Sehemu ni bahati. Lakini kulikuwa na jambo kubwa zaidi. Kampuni za sinema zilikuwa zinageuka kuwa viwanda vikubwa vya mabenki na mabima, na mtindo ukabadilika: binti wa kwenye picha awe wa kupendwa na kuokolewa. Kazi ya kuruka na kudondoka ikaenda kwa wanaume. Hata ilipotakiwa mwanamke aanguke na farasi, mara nyingi alivishwa gauni na wigi mwanamume, kamera ikasogezwa mbali, biashara ikaisha. Mfululizo wa mabinti wa treni ulikuwa mlango, na mlango ukafungwa. Helen alikuwa mgonjwa wakati unafungwa.

KIVULI CHA WENZAKE

Wengi wangekata tamaa hapo. Helen alirudi alikotokea. Mwaka 1924 akajiunga na sarakasi kubwa ya Ringling Bros. and Barnum & Bailey, akipanda farasi kwa mitindo kama alivyokuwa binti wa miaka 17. Mwaka 1926 yuko na kundi la wachezaji ngoma wa kabila la Hopi wakizunguka kwenye kumbi za starehe za upande wa mashariki. Mwaka 1927 akarudi Hollywood.

Mwaka huo ndio sinema ilipoanza kusema na kuimba. Kila mtu anahangaika na sauti: nani anaongea vizuri, nani ana kithembe. Helen hakuhitaji sauti. Alirudi kwenye ile kazi aliyoanza nayo kwa Helen Holmes, yaani kuvaa nguo za mwenzake na kuruka badala yake.

Na orodha ya aliowarukia si ya kitoto: Louise Fazenda, Irene Rich, Marie Dressler, Edna May Oliver, May Robson, Marjorie Main, Ethel Barrymore. Wengi wao walikuwa kina mama watu wazima, wenye miili na heshima zao. Ikiandikwa kwenye picha kwamba bibi mkubwa anadondoka kwenye gari la farasi, watazamaji wanacheka, wanasema huyu mama ana nguvu jamani! Kumbe mama yuko kwenye kiti anakunywa chai, na aliyegaragara ni Helen. Alikuwa anavuka miaka 35, miaka 40, anazidi kwenda, na bado anaanguka kwa hesabu.

Mwaka 1935 aliolewa tena, na Clifton Johnson, fundi umeme wa studio. Hawa hawakuhitaji kugombea chumba. Waliishi pamoja hadi kifo kilipowatenganisha.

Katika kipindi hicho chote alikuwa akichukua pia nafasi ndogondogo zisizoandikwa jina. Kwenye Stagecoach ya mwaka 1939, picha iliyompandisha John Wayne, Helen yumo ndani ya kilabu cha pombe. Mwaka 1951 ilitoka picha iitwayo Hollywood Story, inayohusu mauaji ya zamani ya enzi za sinema bubu. Waliwaita mastaa wachache wa enzi ile waonekane kwa majina yao wenyewe, wakiwemo Francis X. Bushman, William Farnum na Betty Blythe. Helen naye akaitwa. Kwa mara moja hiyo akatokea kama Helen Gibson.

Halafu 1962, ile ya dola 35.

Picha hiyo ya Liberty Valance, kwa wasioijua, inahusu mwanasiasa aliyejengewa jina na nchi nzima kwa sababu alimuua jambazi. Tunakuja kugundua kuwa risasi iliyoua ilipigwa na mwingine, aliyekuwa amejificha gizani upande wa pili wa barabara, akafa maskini bila mtu kumjua. Aliyefanya kazi ni mmoja, aliyechukua sifa ni mwingine. Sijui kama John Ford alipoongoza picha hiyo alifikiria ni wangapi kati ya watu waliosimama nyuma ya kamera zake walikuwa na stori kama hiyo. Mmoja tunamjua.

ALISHINDWA?

Turudi kwenye swali letu. Ukimpima Helen kwa jina kwenye mabango, alivuma kama miaka sita au saba, akazimika. Ukimpima kwa hela, ya juu kabisa ilikuwa ile ya dola 450, na haikudumu. Hata picha zenyewe zimepotea kwa wingi. Mwaka 2013 Maktaba ya Bunge la Marekani ilitoa utafiti ulioonyesha kuwa kati ya picha ndefu bubu karibu 11,000 zilizotengenezwa Marekani, ni asilimia 14 tu zilizobaki katika umbo lake la mwanzo. Mikanda ya zamani ilikuwa inashika moto haraka, na mingine ilitupwa tu kwa kuwa hakuna aliyeona thamani yake.

Lakini mpime kwa kazi. Kutoka 1911 hadi 1962 ni miaka 51. Amepitia sinema bubu, sinema ya sauti, sinema ya rangi, vita mbili za dunia, mdororo wa uchumi wa miaka ya 1930, na kuja kwa televisheni. Mastaa waliokuwa wakilipwa mara kumi yake walishasahaulika, wengine wakafa wakidaiwa. Yeye alistaafu na pensheni ya dola 200 kwa mwezi kutoka mfuko wa wafanyakazi wa sinema. Siyo utajiri. Ni haki ya mfanyakazi, na aliipata kwa sababu alikubali kuwa mfanyakazi pale ustaa ulipokatika.

Hapa ndipo penye somo kwa sisi tunaotafuta maisha kwenye muziki, kwenye maigizo, kwenye kamera. Jina kubwa ni la anayelilipia. Siku akipata jipya, lako anaweka kabatini. Ufundi lakini ni wako. Hakuna bosi anayeweza kuutoa mwilini mwako na kumpa mwingine. Helen alinyang'anywa nafasi, kampuni, hata jina la picha yake. Hakuna aliyeweza kumnyang'anya namna ya kuanguka kutoka kwenye farasi bila kuvunjika shingo.

Ila tusijidanganye kuwa inatosha. Ufundi ulimlisha, haukumpa haki ya kutajwa. Kila aliporuka kwa ajili ya mwingine, makofi yalikwenda kwa mwingine, na hilo halikuwa kosa lake. Ni utaratibu uliowekwa na watu, na watu wanaweza kuubadilisha kwa kuandika jina moja zaidi mwishoni mwa picha.

Helen na mzee Johnson walihamia Roseburg, Oregon, jimbo lilelile la mashindano ya Pendleton. Mwaka 1968 masimulizi yake yalichapishwa katika jarida la Films in Review, na ndiyo maana leo tunaijua habari ya leso, ya kibomba cha hewa na ya chumba kilichochangia ndoa. Alifariki Oktoba 10, 1977, baada ya kiharusi na moyo kushindwa kufanya kazi. Alikuwa na miaka 85.

Kwa hiyo, msomaji wangu, ukibahatika kuipata The Man Who Shot Liberty Valance, John Wayne mwangalie, ni haki yake. Lakini kuna dakika uache kumtazama. Tupia macho kwa wale wamama wa mjini waliosimama nyuma, ambao hakuna anayewaangalia. Mmoja wao aliwahi kupaa na pikipiki akatua juu ya treni.